Kufungua na Kuendesha Mkahawa Mombasa: Mwongozo Kamili wa Sheria, Kodi na Jiko

Mombasa, mtu akikwambia anaenda hotelini, mara nyingi anaenda kula, si kulala. Neno hilo linabeba kibanda cha mbaazi kwa mahamri kinachofunguliwa alfajiri Majengo, hoteli ya biriani inayojaa adhuhuri karibu na Marikiti, na mkahawa wa Nyali wenye viyoyozi na vitambaa mezani. Mwongozo huu unawahusu wote, ingawa masharti ya sheria hayawalemei sawasawa. Lengo lake ni kumwonyesha anayetaka kufungua mahali pa kula katika kaunti hii utaratibu wa kufuata, kwa kuwa pesa nyingi zinazopotea katika biashara hii hupotea pale mtu anapofanya mambo yanayotakiwa lakini akatanguliza la nyuma na kuchelewesha la mbele. Mtu hulipa kilemba cha nyumba, yaani pesa anazodai anayekuachia nafasi, hupaka rangi, hununua friji na viti, kisha ndipo humwita bwana afya, yaani afisa wa afya ya umma. Naye akifika huona choo kinafungukia jikoni, na kazi yote ya fundi hurudi mwanzo.

Uzito wa biashara hii

Serikali huitazama biashara ya chakula kwa macho mawili, la mapato na la afya, na sababu ya jicho la kwanza haiko mbali. Sahani moja ya wali wa nazi na samaki wa kupaka inapofika mezani imekwisha kuwalipa watu wengi: mvuvi aliyetua alfajiri na mchuuzi aliyemlaki ufuoni, mkulima wa minazi wa Kilifi au Kwale, mwagizaji wa mchele uliopita bandarini Kilindini, mwenye kiwanda cha barafu, dereva wa tuktuk aliyebeba magunia kutoka Kongowea, na yule mama anayekanda mahamri nyumbani kwake usiku na kuyauza kwa hoteli za mtaa kabla jua halijachomoza. Ni kazi inayompokea hata kijana asiye na cheti. Huanza kwa kuosha vyombo, na akiwa na bidii huishia kushika upawa.

Shirika la Taifa la Takwimu, KNBS, huhesabu malazi na huduma za chakula kama sekta moja. Mwaka 2020 sekta hiyo ilinywea kwa asilimia 47.7, na mwaka 2023 ilikua kwa asilimia 33.6. Takwimu hizo ni za nchi nzima, lakini Mombasa ilizihisi mwilini. Mnamo 6 Mei 2020 Mji wa Kale ulifungwa, watu wasiingie wala kutoka, na mikahawa ya ndani ikaamriwa kufunga milango. Siku hiyo hiyo wauza samaki, nazi na mkate wa mofa walikosa mnunuzi wao mkubwa. Anayefungua mkahawa na ajue kwamba anaingia katika biashara inayoanguka haraka kuliko nyingi na kuinuka haraka vilevile, na kwa hiyo asitumie akiba yake yote katika mapambo.

Nani ana mamlaka juu ya nini

Katiba ya mwaka 2010, katika Jedwali la Nne, iliikabidhi serikali ya kaunti kazi ya kutoa leseni na kudhibiti biashara zinazouza chakula kwa umma, pamoja na vibali vya biashara, leseni za vileo, uzoaji wa taka na udhibiti wa kelele na uchafuzi wa hewa. Serikali ya kitaifa ilibaki na kodi, sheria za kazi, viwango vya ubora na usimamizi wa utalii. Mwenye mkahawa basi ana wakubwa wawili, na kumlipa mmoja hakumalizi haki ya mwingine. Kosa linalorudiwa sana ni kudhani kwamba kibali cha biashara cha kaunti, kile kinachotundikwa ukutani, kimefuta madai mengine yote. Kibali hicho kinasema tu kwamba umeruhusiwa kufanya biashara ya aina hiyo mahali hapo. Hakisemi kwamba jiko lako ni safi, wala kwamba wapishi wako wamepimwa, wala kwamba umesajiliwa kwa kodi.

Hatua ya kwanza: nyumba kabla ya kila kitu

Karibu masharti yote mazito ya leseni ya chakula ni masharti juu ya jengo. Jina la biashara unaweza kulibadilisha kwa siku chache na mpishi unaweza kumfundisha, lakini mtaro usiokuwapo chini ya sakafu haupatikani bila kuvunja sakafu. Kwa hiyo kabla ya kutoa hata amana, nenda katika ofisi ya afya ya umma ya kaunti ndogo husika, iwe Mvita, Nyali, Kisauni, Likoni, Changamwe au Jomvu, ukaombe afisa aje aitazame nyumba na akuambie ni nini kitahitaji kurekebishwa. Mwombe aandike. Karatasi hiyo utaitumia mara mbili: kwanza kujadiliana na mwenye nyumba juu ya nani atalipia marekebisho, kisha kumpa fundi kama orodha ya kazi.

Afisa huyo ataangalia kama jiko lina nafasi ya kutenganisha chakula kibichi na kilichoiva, kama kuta na sakafu zinaoshika bila kunyonya maji, kama kuna karo la kuoshea vyombo na beseni jingine la kunawia mikono, kama moshi una njia ya kutoka, kama choo kiko mbali na chumba cha chakula, na kama hakuna mtu anayelala mahali chakula kinapotayarishwa. Sharti hili la mwisho huwanasa wengi, kwa kuwa wafanyakazi wanaotoka mbali mara nyingi hulazwa stoo, juu ya magunia ya mchele. Ataangalia pia maji. Mji huu umeishi na upungufu wa maji kwa miaka mingi. Mfereji hukauka kwa siku kadhaa, na maji ya visima vya kisiwani mara nyingi ni ya chumvi. Nyumba isiyo na mahali pa kuweka matangi ya kutosha siku tatu haifai kuwa mkahawa, hata ikiwa kodi yake ni nafuu.

Kuhusu mkataba wa nyumba, Mombasa ina mambo yake ambayo mtu wa bara huenda asiyatarajie. La kwanza ni utaratibu wa nyumba bila ardhi, ambapo aliyejenga nyumba ni mmoja na mwenye kiwanja ni mwingine, na mjenzi hulipa kodi ya ardhi kwa mwezi au mwaka. Nyumba nyingi za Kiswahili za Majengo na mitaa ya jirani ziko hivyo. Ukikodisha kwa mwenye nyumba bila kumjua mwenye ardhi, unaweza kumaliza ukarabati kisha ukajikuta katikati ya ugomvi usiokuhusu. Omba kuona stakabadhi za kodi ya ardhi, na ikiwezekana pata ridhaa ya mwenye ardhi kwa maandishi, hasa kama utachimba mtaro au kujenga dohani. La pili ni mali ya wakfu, yaani iliyotolewa kwa ajili ya dini au hisani, ambayo inasimamiwa kwa kanuni zake. Hapo mkataba lazima ufanywe na mwenye mamlaka ya wakfu, si na mpangaji anayetaka kukuachia nafasi. Na hicho kilemba kiandikiwe risiti inayoeleza ni malipo ya nini. Mimi nimeona mtu akilipa kilemba kikubwa mkononi kwa aliyekuwa akiondoka, kisha mwenye nyumba akasema hamjui. Hakukuwa na karatasi, na pesa hazikurudi.

Sheria inayompa mwenye mkahawa ngao yake kubwa ni ile ya wenye nyumba na wapangaji wa maduka, hoteli na mahali pa kulia, Sura ya 301 ya sheria za Kenya. Chini yake, upangaji usioandikwa, au ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano, ni upangaji unaolindwa. Mwenye nyumba hawezi kuongeza kodi au kukutoa kwa maneno ya mlangoni. Sharti atoe ilani kwa fomu iliyowekwa, ya miezi miwili au zaidi, nawe una haki ya kuipinga mbele ya baraza la kodi za nyumba za biashara. Wengi hukimbilia mkataba wa miaka sita wakidhani muda mrefu ndio usalama, ilhali mkataba wa zaidi ya miaka mitano usio na kifungu cha kuuvunja mapema huwatoa nje ya ulinzi huo. Hilo linaweza kukufaa ikiwa umewekeza sana na kodi imefungwa kwa maandishi. Kwa mkahawa wa kawaida, upangaji unaolindwa una faida kubwa zaidi.

Yakibaki mawili juu ya nyumba, ni haya. Jengo lililoidhinishwa kama makazi linahitaji kibali cha kaunti cha kubadili matumizi, chini ya sheria ya mipango ya ardhi ya mwaka 2019. Na katika Mji wa Kale, eneo la kuhifadhiwa kwa historia yake, hata bango, rangi ya nje, mlango na baraza huhitaji ushauri wa ofisi ya uhifadhi kabla fundi hajagusa kitu. Usiangushe mlango wa nakshi ili kupitisha friza.

Hatua ya pili: karatasi

Hapa mambo ni mepesi kuliko sifa zake. Jina la biashara au kampuni husajiliwa mtandaoni kupitia eCitizen, na PIN ya kodi hutolewa na Mamlaka ya Ushuru, KRA, kwa njia hiyo hiyo ya mtandao. Ukiwa peke yako na mtaji mdogo, jina la biashara linatosha. Mkiwa ndugu wawili au watatu mliochanga pesa, kampuni huwaokoa na ugomvi wa baadaye kwa sababu hisa zinaandikwa.

Marekebisho ya nyumba yakiisha, mwite tena bwana afya aje kukagua, na ukaguzi wa zimamoto ufanywe kipindi hicho hicho. Leseni ya usafi wa chakula hutolewa chini ya Sheria ya Chakula, Dawa na Kemikali, Sura ya 254, na kanuni zake za usafi za mwaka 1978, zikisaidiwa na Sheria ya Afya ya Umma, Sura ya 242. Kibali cha biashara cha kaunti huombwa kwa kutaja aina na ukubwa wa mkahawa, na ada yake imewekwa na sheria ya fedha ya kaunti. Taja ukubwa wako kwa ukweli, kwa kuwa anayejiandika kama kibanda huku ana meza ishirini huishia kulipa tofauti pamoja na faini. Vibali hivi huhesabiwa kwa mwaka wa kalenda, hivyo anayekaribia kufungua mwezi Novemba na aulize kwanza kama atalipa ada ya mwaka mzima.

Mkahawa ni shughuli ya utalii chini ya Sheria ya Utalii ya mwaka 2011, hata kama wateja wako wote ni makuli wa bandarini na makarani wa Treasury Square. Sheria hiyo inahitaji leseni ya Mamlaka ya Kudhibiti Utalii, na iliunda Mfuko wa Utalii unaokusanya tozo ya asilimia 2 ya mauzo. Uliza katika ofisi zao za Mombasa kama ukubwa wako unaingia katika kundi linalotozwa. Pesa hizo zina kazi inayoonekana: zimekuwa zikikiendesha chuo cha Utalii cha Nairobi, kilichowafunza wapishi wengi wa hoteli za Pwani, na kujenga chuo cha Ronald Ngala huko Vipingo.

Ukipiga muziki kwa wateja, hata wa redio, unahitaji leseni ya hakimiliki kutoka kwa vyama vya wasanii vilivyoidhinishwa. Ukiuza vileo, leseni yake ni ya kaunti na ina baraza lake. Mikahawa mingi ya Mombasa haiuzi kabisa, na hilo lenyewe ni uamuzi wa biashara: familia za Kiislamu haziingii mahali penye baa. Kwa sababu hiyo cheti cha halali, ingawa hakilazimishwi na dola, kina thamani mjini humu kuliko bango lolote. Cheti hicho kinakufunga kununua nyama kwa mchinjaji anayejulikana na kutunza risiti zake, kwa kuwa mteja mmoja akitilia shaka nyama yako, mtaa mzima utajua kabla ya magharibi.

Kuvuta sigara ndani ya mkahawa kumekatazwa na sheria ya tumbaku ya mwaka 2007. Shisha ilipigwa marufuku Desemba 2017, na ingawa marufuku hiyo imebishaniwa mahakamani, mkahawa wako usiwe mahali pa kupimia hoja hiyo.

Hatua ya tatu: bei na kodi

Mwenye mkahawa asiyeelewa VAT, kodi ya ongezeko la thamani, hufanya kazi kwa ajili ya serikali bila kujua. Mauzo yakifika shilingi milioni 5 kwa mwaka, ni lazima kujisajili na kutoza asilimia 16. Milioni 5 inasikika mbali, lakini ni kama shilingi 13,700 kwa siku, kiasi ambacho hoteli ya kawaida ya biriani hupita Ijumaa moja baada ya swala.

Jambo lenyewe zito ni hili. Samaki, nyama mbichi, mboga, viazi, nazi na matunda ambayo hayajasindikwa yamesamehewa VAT. Ukinunua Kongowea hulipi kodi hiyo, na kwa hiyo huna cha kudai kurudishiwa. Lakini ukishavipika ukaviweka mezani, chakula hicho hutozwa asilimia 16 yote. Mwenye duka la vifaa vya umeme hulipa VAT anaponunua, hutoza anapouza, na hupeleka tofauti tu. Wewe utapeleka karibu yote unayotoza, isipokuwa ile uliyolipa kwa soda, vyombo, umeme na vitu kama hivyo. Ukiweka bei ya biriani kwa kutazama jirani ambaye hajasajiliwa, asilimia 16 hiyo itatoka katika faida yako, na faida ya chakula haina unene huo.

Tuchukue mfano. Unataka sahani ya pilau ikuachie shilingi 500 kabla ya tozo. Ongeza VAT ya shilingi 80 na tozo ya utalii ya shilingi 10, bei ya mezani inakuwa 590. Bei hiyo kamili ndiyo iandikwe katika orodha ya vyakula, pamoja na maneno yanayoeleza kwamba kodi na tozo zimo ndani, ili mteja asishtuke wakati wa kulipa. Zile shilingi 90 ziweke katika akaunti ya peke yake kila jioni. Ukizichanganya na pesa za soko, zitaliwa, na tarehe 20 ya mwezi unaofuata, siku ya mwisho ya kuwasilisha VAT, utakuwa ukikopa ili kulipa.

Kuna pia kodi ya mauzo kwa biashara zenye mauzo kati ya milioni 1 na milioni 25 kwa mwaka, ambayo tangu Julai 2023 ni asilimia 3 ya mauzo yote, ilipwayo kila mwezi. Urahisi wake unavutia, lakini haijali kama umepata faida. Mkahawa unaouza shilingi 300,000 kwa mwezi utalipa 9,000. Kama faida yako ni asilimia 10 ya mauzo, yaani 30,000, umelipa asilimia 30 ya faida, sawa na kiwango cha kodi ya kampuni. Kama faida ni ndogo kuliko hapo, unalipa zaidi ya kampuni, na unaruhusiwa kumwandikia kamishna kuomba kuingia katika kodi ya kawaida ya mapato, mradi uwe na vitabu vya hesabu.

Na vitabu vya sasa ni eTIMS, mfumo wa KRA wa ankara za kielektroniki. Tangu Januari 2024, gharama isiyo na ankara ya mfumo huo haikubaliki katika hesabu ya kodi. Hapo ndipo wenye mikahawa wanapolalamika, na nadhani wana haki: mchuuzi wa samaki wa Mji wa Kale hana kompyuta, naye ndiye msambazaji wako mkubwa. Mfumo una njia ya mnunuzi kuandika ankara kwa niaba ya muuzaji mdogo, na hiyo ndiyo ya kujifunza mapema. Mweke kijana mmoja anayeijua simu, awe anaandika manunuzi siku hiyo hiyo, soko likiwa bado kichwani.

Hatua ya nne: watu

Kila anayeshika chakula, kuanzia mpishi hadi anayekata kachumbari, anapaswa kupimwa afya na kuwa na cheti, na upimaji huo hurudiwa kila baada ya miezi sita. Gharama yake ni yako kwa busara, hata mkataba usiposema. Mfanyakazi anayekatwa mshahara kwa ajili ya cheti ataficha ugonjwa wa tumbo ili asikose siku, na gharama yake itakuja kwako kupitia mteja. Weka sheria ya jiko kwamba anayeharisha au mwenye kidonda kibichi mkononi hapiki, lakini hakosi posho ya siku hiyo.

Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inataka mkataba wa maandishi kwa kazi ya miezi mitatu au zaidi, siku moja ya mapumziko katika kila saba, na likizo ya siku 21 za kazi kwa mwaka. Mishahara isipungue kima cha chini, na Mombasa imo katika kundi la miji mikubwa yenye kima cha juu. Kila mwezi kuna makato ya NSSF, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii; asilimia 2.75 ya mshahara kwa bima ya afya ya SHA, na tozo ya nyumba ya asilimia 1.5 kwa mfanyakazi na kiasi hicho hicho kutoka kwako. Bakshishi ya mteja ni ya mhudumu. Usiihesabu kama sehemu ya mshahara. Wafanyakazi wa hoteli wana chama chao, KUDHEIHA, na mwajiri mwenye karatasi zake sawa hana sababu ya kukiogopa.

Hatua ya tano: jiko la Pwani na hatari zake

Kanuni za usafi zimeandikwa kwa lugha ya jumla, lakini jiko la Mombasa lina hatari zake mahususi, na nataka kuzitaja tatu.

Ya kwanza ni samaki. Jodari, nguru na wenzao wa jamii hiyo, wakiachwa kwenye joto, hujijengea sumu iitwayo histamini. Haionekani wala haina harufu ya kuaminika, na kupika hakuiondoi. Mlaji huwashwa, uso humwiva, kichwa humgonga, naye hudhani ana mzio. Dawa yake ni barafu tangu ufuoni. Katika joto letu, kadiria kilo moja ya barafu kwa kilo moja ya samaki, iliyogandishwa kwa maji ya kunywa. Usinunue samaki aliyelala juani kwenye toroli hata kama macho yake bado yanang’aa na bei imeshuka. Bei haikushuka bila sababu.

Ya pili ni wali. Mbegu za bakteria waitwao Basilasi sereasi hustahimili kuchemshwa, na wali ukiachwa ukipoa polepole ndani ya sufuria kubwa huamka na kutoa sumu ambayo kuupasha tena hakuiui. Wali wa nazi huchacha upesi zaidi. Chakula kilichoiva kisikae zaidi ya saa mbili katika joto la chumba: ama kishikwe moto juu ya nyuzi 60, ama kitandazwe katika sinia pana kipoe haraka kisha kiingie kwenye friji chini ya nyuzi 5. Kiporo tunakipenda nyumbani, na kila nyumba ina siri zake, lakini mkahawani pika kwa mafungu madogo mara tatu badala ya sufuria moja ya siku nzima. Nunua kipimajoto cha kuchoma chakula; ni cha bei ndogo kuliko kuku wawili, na bwana afya akikiona kikitumika atakuamini katika mengine.

Ya tatu ni maji. Matangi yafunikwe, yaoshwe kwa ratiba iliyoandikwa, na maji ya maboza yatiwe klorini kabla ya kutumika, kwa kuwa hujui yametekwa wapi. Ukwaju, sharubati na barafu ya juisi ndivyo vinavyosahaulika, maana havipikwi.

Hatua ya sita: moshi, taka na jirani

Mishkaki ya makaa huleta wateja kwa harufu na huleta malalamiko kwa moshi. Dohani ipande juu ya paa la jirani, si usawa wa dirisha lake, na hili lifanywe kabla ya kufungua, kwa kuwa kaunti ina mamlaka ya kuzuia kero, na jirani aliyelalamika mara moja hubaki akikuangalia. Katika mitaa yenye misikiti karibu, muziki hupunguzwa nyakati za swala bila kungoja kuambiwa. Mafuta yaliyokaangiwa viazi karai na bhajia yasimwagwe mtaroni. Weka kinasa mafuta chini ya karo na uyakusanye katika madebe. Taka zitenganishwe, mabaki ya chakula peke yake, na uwe na mkataba na mzoaji aliyesajiliwa anayezipeleka Mwakirunge. Mifuko ya plastiki ya kubebea imepigwa marufuku tangu 28 Agosti 2017, kwa hiyo chakula cha kubeba kitiwe katika vyombo vingine.

Siku ya ukaguzi, na mwaka unavyokwenda

Maafisa huja bila taarifa, na wana haki ya kuingia saa za kazi, kuchukua sampuli na kuharibu chakula kisichofaa. Omba kitambulisho cha kazi kwa adabu, mwache afisa aangalie, na umfuate ukiandika anayoyasema. Weka faili moja kaunta: leseni ya chakula, kibali cha biashara, leseni ya utalii, vyeti vya afya vya wafanyakazi, stakabadhi za dawa ya wadudu na za kuosha matangi. Ukipewa ilani ya kurekebisha, itataja kosa na muda. Rekebisha, piga picha, kisha uombe ukaguzi wa pili kwa barua badala ya kungoja. Ada yoyote na ilipwe kwa njia rasmi ya malipo ya kaunti na risiti itolewe. Anayekuomba umalize hapo hapo kwa mkono atarudi mwezi ujao, na wewe hutakuwa na karatasi.

Panga mwaka wako kwa pepo na mwezi mwandamo. Katika kaskazi, kati ya Novemba na Machi, bahari hutulia na samaki huwa wengi. Kusi ikivuma katikati ya mwaka, vyombo vidogo haviendi mbali na bei hupanda, kwa hiyo orodha ya vyakula isiahidi nguru mwaka mzima. Ramadhani hufunga biashara ya mchana na kuihamishia jioni: tumia mchana huo kupaka rangi, kukarabati friji na kuwapeleka wafanyakazi likizo kwa zamu, kisha panga mikono ya kutosha kwa futari, kaimati na mihogo. Desemba, wageni wa bara wanaposhuka kwa treni na magari, ndio mwezi wa mavuno, na ndio pia mwezi ambao vibali vyako vinaelekea kwisha. Weka kando ada za mwaka ujao katika wiki ya mwisho ya mwezi huo, kabla pesa za sikukuu hazijatawanyika, na uwapime wafanyakazi mapema Januari wakati foleni za hospitali bado ni fupi.